Kwa nini Bibi yako abaki Kibosho

Mwanangu,

Umeniuliza, tena kwa hasira kidogo, kwa nini namwacha Bibi yako ashinde peke yake Kibosho wakati ninyi Dar mna chumba cha ziada, feni, runinga na dada wa kazi. Nakujibu kwa barua kwa sababu kwenye simu hunipi nafasi.

Hospitali ya KCMC, Moshi, tulikwenda kwa ajili ya kusahau kwake. Walimpima masikio, tezi ya shingo na vitamini B12, wakachunguza kama ana sonona, maana hayo nayo humsahaulisha mzee, na yana tiba. Katika hayo hawakukuta hata moja. Ni dimenshia, ugonjwa wa ubongo unaoleta usahaulifu, si kurogwa kama anavyodai shangazi yako. Watafiti waliwahi kupima wazee wa miaka 70 na kuendelea hapo wilaya jirani ya Hai, wakakuta takribani 6 katika kila 100 wanao.

Ugonjwa huu huanza kula mambo ya karibuni. Chai aliyokunywa sasa hivi hana habari nayo, lakini foleni ya kupima kahawa enzi za KNCU, ule ushirika wa wakulima wa kahawa, atakusimulia mpaka usinzie. Kiswahili chenyewe, alichojifunza ukubwani, kinampotea. Siku hizi anajibu kwa Kichagga tu. Huyo dada wenu wa Singida wataongea nini? Huku mikono yake bado inakijua kihamba, shamba letu la nyumbani. Mpe kikapu uone: atachuma kahawa zilizoiva na mbichi ataziacha. Huko ghorofani kwenu hata choo atakitafuta.

Upweke anao, sikatai. Wa rika lake wamekwisha, na wanaokuja kumsalimia humpa mtihani: "Bibi, mimi nani?" Akikosea wanacheka, naye siku hizi akisikia hodi anajifungia ndani. Nawe ukipiga simu, liache hilo swali. Sema, "Shikamoo Bibi, ni mjukuu wako, mtoto wa mwanao mkubwa," kisha muulize habari za ng'ombe. Akisema Babu ameenda sokoni, muulize atarudi na nini. Usimfanye mjane upya kila jioni.

Nauli uliyomtengea itume. Binti wa jirani amemaliza kidato cha nne yupo tu. Atashinda naye wakichambua maharage, nami nitamlipa kwa mwezi. Geti nalo linataka komeo la juu, maana juzi alitoka alfajiri akidai anarudi kwao. Na Desemba mkipanda nyumbani kuhesabiwa na ukoo, kaeni wiki mbili, si kula Krismasi na kugeuza gari.

Baba yako