Mto Lavant umekauka: je, besimenti iko salama?

SWALI: Tumenunua nyumba ya zamani Chichester, kusini mwa Uingereza, karibu kabisa na Mto Lavant. Ina besimenti, yaani chumba cha chini ya ardhi. Mto ni mkavu tangu Juni, nyasi zimeota katikati yake. Fundi anataka kupaka kuta na sakafu ya besimenti rangi ya kuzuia maji, halafu tuweke viroba vya mchanga mlangoni. Tumlipe? – Msomaji, Chichester

JIBU: Msimlipe. Kila kiangazi huletewa swali hili, na kila mara kuna fundi mwenye ndoo ya rangi.

Lavant kukauka ni kawaida yake. Unaanzia East Dean, kwenye vilima vya South Downs, unapita Singleton na West Dean, kisha unageukia kusini hadi mjini kwenu na kuishia Chichester Harbour. Vilima hivyo ni mwamba wa chaki, unaofyonza mvua kama sifongo. Mvua ya Oktoba na Novemba huzama chini badala ya kutiririka mtoni. Maji ya ardhini hupanda polepole, na yakishafika usawa wa bonde, chemchemi hububujika na mto huanza kutembea. Kwa hiyo kuchungulia mto Agosti hakukwambii lolote. Kinachosema kweli ni kimo cha maji visimani. Kisima cha Chilgrove, kaskazini mwa mji, kimepimwa tangu 1836, na Januari 1994 kilijaa mpaka maji yakamwagika juu yenyewe. Mwezi huohuo Lavant ukafurika mjini Chichester. Makalavati yaliyo chini ya mji yakaelemewa, wazima moto wakaleta pampu, na jeshi likajenga madaraja ya muda kwenye barabara ya A27.

Baadaye ulichimbwa mfereji wa kupeleka maji ya ziada Pagham Harbour, na mjini mna nafuu kubwa. Lakini mfereji unapunguza maji ya mtoni tu. Yanayopanda chini ya sakafu yenu hayapiti huko, na viroba vya mlangoni havina habari nayo.

Sasa hiyo rangi. Maji yakisimama nje ya ukuta kwa kimo cha mita moja juu ya sakafu yenu, kila mita ya mraba ya sakafu inasukumwa kwenda juu kwa nguvu ya uzito wa karibu tani moja. Rangi itabanduka kama ngozi, na hiyo ndiyo bahati nzuri. Mkifanikiwa kuziba kila tundu, sakafu nyembamba ya zamani inaweza kuinuka na kupasuka. Nimesimama kwenye besimenti ya namna hiyo: zege limefura katikati, rangi bado inang'aa, na fundi hapokei simu.

Mnachohitaji ni kuyapokea maji na kuyatoa: utando wa plastiki wenye vinundu ukutani na sakafuni, unaoacha mwanya wa maji kupita nyuma yake, shimo la kuyakusanyia, pampu mbili, moja ikiwa na betri, maana umeme hukatika usiku uleule mnaouhitaji. Bomba la maji taka liwekewe vali ya kuzuia kurudi nyuma. Soketi zipandishwe juu. Na besimenti ikijaa, msiyavute maji yote kwa siku moja wakati ardhi ya nje bado imeshiba. Kuta zinaweza kuangukia ndani.

Wengine wote mnaonunua nyumba kwenye nchi ya chaki, iwe Sussex, Hampshire, Wiltshire au Dorset, acheni kukagua nyumba kiangazi na kurudi mkisema "mto wenyewe haupo". Muuzaji hujaza fomu inayouliza kama nyumba imewahi kufurika. Isomeni kabla ya kutia saini. Kisha bisheni hodi kwa jirani mzee, mmuulize kuhusu mafuriko ya 1994 na 2000. Na atakayewaambia mto ukichimbwa zaidi besimenti itakauka, mwulizeni anachimba mpaka wapi, maana maji hayo yamejaa kwenye kilima kizima.