Barua kwa Mwanangu Kuhusu Maabara ya Palo Alto

Mwanangu mpendwa,

Swali lako nimelisoma mara mbili. Unasema kwamba katika kikao cha kazini kwenu mkubwa mmoja alitaka kitengo chenu cha utafiti kifungwe, akatoa mfano wa Xerox, kampuni ya Marekani ya mashine za kunakili, ambayo kwa maelezo yake iligharamia maabara ili wengine watajirike, nawe hukupata la kumjibu. Unaniuliza kama alisema kweli. Alisema nusu yake, na ile aliyoiacha ndiyo inayowahusu ninyi.

Xerox ilifungua maabara yake ya Palo Alto, California, mwaka 1970, wakati mashine zake za kunakili zilipokuwa zikiiingizia fedha nyingi, huku wakuu wake wakikaa upande wa pili wa Marekani. Mwaka 1973 watafiti wakaunda Alto, kompyuta ya mtu mmoja mezani pake, yenye kipanya na kioo cha kuonyesha maandishi pamoja na picha. Haikuwahi kuuzwa madukani. Iliyofuata, Star, ilitoka mwaka 1981 kwa bei iliyozidi dola 16,000, nayo haikupata wanunuzi wa kutosha. Wakati huo Steve Jobs na wahandisi wa Apple, kampuni shindani ya kompyuta, walikuwa wamekwisha kuonyeshwa kazi za maabara hiyo tangu 1979. Hapo mkubwa wako hakukosea.

Lakini hakutaja printa ya leza. Mhandisi Gary Starkweather alianza kuifikiria akiwa katika kituo cha Xerox jimboni New York, ambako wasimamizi wake hawakuitaka, akahamia Palo Alto mwaka 1971 na kuikamilisha huko. Ilipoingia sokoni mwaka 1977 kwa jina la 9700, mapato yake yalirudisha gharama za maabara mara nyingi.

Printa hiyo ndiyo iliyozaa jambo ninalolipenda kuliko yote. Ilipokuwa bado ya majaribio maabarani, ilichapa karibu ukurasa mmoja kila sekunde, na nyaya za wakati ule zisingeweza kuilisha data kwa kasi hiyo kutoka katika kompyuta nyingi kwa pamoja. Robert Metcalfe, mtafiti wa maabara hiyo, akisaidiana na David Boggs, alichukua wazo kutoka mtandao wa redio wa Chuo Kikuu cha Hawaii, ambako vituo vyote vilitumia mawimbi yale yale, akalihamishia kwenye kebo moja. Katika mfumo huo wa awali, kila kompyuta ilisikiliza kwanza. Kebo ikiwa kimya, ilituma. Zikituma mbili kwa wakati mmoja, data zao ziligongana, kila moja ikanyamaza kwa muda wa kubahatisha, kisha ikajaribu tena, na zikigongana tena muda huo ulirefushwa. Hakukuwa na msimamizi wa kugawa zamu. Metcalfe aliueleza mfumo huo kwa maandishi Mei 1973, akauita Ethernet.

Nilipoanza ufundi wa mitandao miaka ya tisini, kebo yetu ilikuwa ya aina hiyo, na kiungo kimoja kikilegea ofisi nzima ilikosa mtandao. Nilikuwa nikipiga magoti chini ya meza kukitafuta, nikimheshimu aliyebuni kitu kilichoweza kusambaa hadi kwetu.

Kilisambaa kwa sababu Xerox haikukifungia. Mwaka 1980 ilichapisha kanuni zake pamoja na kampuni za Digital na Intel, kampuni nyingine zikaruhusiwa kuunda vifaa vinavyoelewana, na mwaka 1983 IEEE, shirika la wahandisi linaloweka viwango vya kiufundi, ikaziidhinisha kuwa kiwango. Sioni hasara hapo, kwani mtandao unaotumiwa na kampuni moja tu haumfai mteja.

Tofauti ya printa na Alto, kwa maoni yangu, ni kwamba printa ilikuta mlango uliokwisha kufunguliwa: wauzaji wa Xerox walijua kuuza mashine zinazotoa karatasi, wala hawakujua kuuza kompyuta. Kwa hiyo usirudi kikaoni kuutetea utafiti kwa ujumla. Chukua kila kazi mliyo nayo, uandike kando yake nani katika mauzo au huduma kwa wateja ataipokea ikikamilika, na pale penye nafasi tupu mwombe mtu wa idara hiyo akae nanyi siku moja kila wiki tangu sasa. Orodha hiyo nitumie kabla hujaipeleka, tuipitie pamoja.

Mama yako