Wifi Ananijazia Mialiko ya Gemu Facebook, Nikimbloki Itakuwa Vita

*Shangazi shikamoo. Naomba unisaidie, hili jambo linaonekana dogo lakini linanila. Nina miaka 32, nimeolewa, nina watoto wawili, niko Morogoro nina kaduka kangu ka vipodozi. Wifi yangu mkubwa, yeye ndo wa kwanza kuzaliwa kwa kina mume wangu, anakaa Mbeya, ni mjane na watoto wake wote wameshaondoka nyumbani. Tangu apate simu nzuri basi ni Candy Crush, ile gemu ya kupanga pipi, asubuhi mchana jioni. Kila siku nakuta mialiko Facebook, mara nimpe laifu, yaani nafasi ya kuendelea kucheza, mara kuna gemu ya ludo, mara ya kujibu maswali, kuna siku nilihesabu 11. Na inakuja usiku, saa sita, saa nane, simu inalia nashtuka najua kuna msiba kumbe ni pipi. Mimi sichezi gemu yoyote. Mume wangu nikimwambia anasema mpuuzie tu. Mwezi uliopita nikachoka nikaweka status WhatsApp, "Kuna watu umri umeenda ila akili bado iko kwenye magemu, tuacheni tulale." Aliiona. Tangu siku hiyo hanisalimii, nikiandika kwenye grupu la familia anakaa kimya, mpaka mama mkwe kampigia mume wangu anauliza kuna nini. Na mialiko bado inakuja! Nikimbloki itakuwa vita, nikiacha nitachizi. Halafu juzi katuma linki kwenye grupu, eti kuna gemu ukicheza unalipwa, wanataka namba ya simu. Nifanyeje?*
*Mama wawili, Morogoro*

Marahaba mwanangu, na pole sana na huo usingizi wa kukatwakatwa. Barua yako nimeisoma mara tatu.

Kwanza usijilaumu kwa kukasirika. Sisi huku simu ikilia saa nane usiku mkono unaifuata lakini moyo umeshafika kijijini, unawaza nani kaanguka, nani kalazwa, halafu unawasha unakuta pipi za rangi zinacheka. Hapo mtu yeyote angepandwa na hasira. Na mumeo anaposema mpuuzie anasema kirahisi kwa sababu sio simu yake inayolia, hilo nalo umwambie kwa upole lakini umwambie.

Ila kuna kasentensi umekaandika harakaharaka ukapita zako, mimi ndo nimekwama hapo. Umesema wifi amenuna, hakusalimii, grupuni kimya, na mialiko bado inakuja. Hebu tulia hapo kidogo. Mtu aliyekununia mpaka salamu yako hataki kuijibu, anakuombaje laifu? Hakuombi mwanangu. Wifi yako hata hajui kama ile kitu inakufikia wewe, angejua angekuwa ameacha siku ile ile alivyoona status yako, kwa hasira alizonazo asingekubali hata jina lake likatokea kwenye simu yako.

Ngoja nikueleze inavyokuwa, maana wewe huchezi kwa hiyo hujawahi kuona upande wa pili. Candy Crush, hiyo iliyoingia Facebook 2012, inampa mchezaji laifu tano. Ukishindwa hatua unapoteza moja, na moja kurudi inachukua nusu saa, kwa hiyo zikiisha zote unatakiwa usubiri masaa mawili na nusu ndo zijae tena. Sasa mchukulie mama mtu mzima yuko peke yake, saa sita usiku, usingizi haupo, laifu zimeisha, gemu inamwambia subiri, au toa hela, au omba marafiki. Hela kwa ajili ya pipi za kwenye simu hawezi kutoa, kusubiri mpaka saa nane na nusu nako hataki, basi anagusa kuomba marafiki, inafunguka orodha ya majina na mara nyingi tiki zimeshawekwa zenyewe, yeye kazi yake ni kubonyeza tuma. Amebonyeza, karudi kwenye pipi zake. Humo kwenye orodha upo wewe, yupo mzee wa kanisa, yupo fundi cherehani, yupo mtu aliyesoma naye darasa la saba hawajaonana miaka thelathini. Hakuna alipokaa akasema ngoja nimsumbue wifi wa Morogoro. Na wenye gemu wamelipanga hivyo makusudi, wanajua tangazo lao ukiliona utalipita ila jina la ndugu yako huwezi kulipita, lazima ufungue.

Hili nalijua kwa sababu nimelifanya. Mwaka 2010 nilikuwa nacheza FarmVille, ile ya kulima na kufuga, ilikuwa imetoka Juni 2009 na wakati huo zaidi ya watu milioni 80 walikuwa wanaicheza kila mwezi, mimi mmojawapo, naifungua kwenye kompyuta ya ofisini jioni wenzangu wakishaondoka. Ukitaka kupanua shamba inakubidi uwe na majirani, na majirani unawapata kwa kualika watu, basi nikaalika kila mtu niliyekuwa naye Facebook bila kuangalia nani ni nani. Kati yao alikuwepo rafiki yangu wa tangu sekondari, na wiki ile alikuwa amemzika mama yake, mimi habari zilikuwa hazijanifikia. Hakunijibu, na mimi sikushangaa maana watu wengi hawakujibu. Ilipita kama miaka miwili ndo akaja kuniambia, tena kwa utaratibu kabisa, "Niliona jina lako nikafungua haraka nikajua umenitumia pole, nikakuta unaniomba niwe jirani wa shamba." Gemu yenyewe wenye nayo, Zynga, waliifunga kule Facebook tarehe 31 Desemba 2020, lakini ile sentensi yake bado ninayo. Sikumaanisha chochote kibaya, na bado nilimuumiza. Ndivyo alivyo wifi yako, anakusumbua kweli, na hana habari.

Na usijione mnafiki au mtu wa visirani kwa kuchukia hii mialiko, dunia nzima imeichukia. Oktoba 2015 Mark Zuckerberg mwenyewe, mwanzilishi wa Facebook, alikwenda Delhi kule India kuongea na wanafunzi wa chuo cha teknolojia cha IIT, akawa ameomba watu waweke maswali kabla, na swali lililopigiwa kura nyingi kuliko yote likawa hilo hilo lako, nifanyeje nisipate tena mialiko ya Candy Crush. Akakiri kwamba zana zao zilikuwa za kizamani, zinaruhusu kumwalika hata mtu ambaye hajawahi kucheza gemu Facebook, akasema ameshawaambia watu wake washughulikie. Wamepunguza kiasi, ila kama unavyoona haijaisha yenyewe, sehemu iliyobaki unaizima wewe mwenyewe.

Sasa sikiliza, na hii fanya leo. Ingia Facebook, nenda kwenye menyu, ile mistari mitatu, shuka mpaka setingi, tafuta sehemu ya programu na tovuti, humo ndani kuna mahali wameandika notifikesheni za gemu na programu, zima. Hiyo swichi moja inakata maombi ya gemu kutoka kwa marafiki wote pamoja na taarifa zinazotumwa na hizo gemu zenyewe, na haikuzuii wewe kucheza siku ukitaka. Kama unataka kumlenga yeye peke yake, nenda kwenye setingi sehemu ya kuzuia, kuna kipengele cha kuzuia mialiko ya programu, unaandika jina lake, kuanzia hapo mwaliko wowote wa gemu kutoka kwake Facebook inautupa yenyewe bila kukuonyesha. Angalia vizuri hapo usikosee, kwenye ukurasa huo huo kuna kumzuia mtu na kuna kuzuia mialiko ya mtu, ni vitu viwili tofauti, wewe unataka cha pili. Kwa hiki cha pili mnabaki marafiki kama kawaida, picha zako anaziona, zake unaziona, na Facebook haimpelekei taarifa kwamba umefanya hivyo. Ile vita unayoiogopa haipo hapa. Kuna pia kuizuia gemu yenyewe, unaandika jina la gemu inakuwa haikupati tena hata aitume nani. Kama kwenye apu ya simu hukioni kipengele hiki, fungua Facebook kwa brauza, ikishindikana ingia kwenye kompyuta ya mtu, wanapenda kuhamishahamisha menyu zao.

Halafu simu yako iwekee muda wa kunyamaza usiku, kuanzia saa nne mpaka saa kumi na moja alfajiri, ila ndani yake ruhusu simu za kupigwa kutoka kwa watu wako, mama, mume, wifi mwenyewe, shule ya watoto. Kwa njia hiyo simu ikilia usiku ujue kweli kuna jambo. Hili la usiku wengi hawalijui, wanaishi na simu inayopiga kelele masaa 24 kama jogoo mgonjwa.

Mialiko imeisha. Umeona ilivyokuwa nyepesi? Dakika tano. Sasa tuje kwenye kilicho kizito, nacho ni ile status.

Mwanangu, pale ulikosea, na ninakwambia kama ningemwambia binti yangu wa kumzaa. Ulikuwa na shida na mtu mmoja, namba yake unayo, ukaenda kulisema mbele ya watu mia mbili bila kutaja jina, huku ukijua kabisa yeye atajijua. Dongo la status halijibiki, hilo ndo baya lake. Ungemwambia "wifi, simu inaniamsha watoto" angeweza kukujibu, samahani wifi sikujua, yakaisha. Lakini ukiandika kuna watu umri umeenda, atajibu nini? Akijibu amekubali kwamba ni yeye, akinyamaza limemkaa rohoni. Kanyamaza. Na hukugusa gemu tu, umegusa umri wake na akili yake, mama wa miaka hiyo, mjane, mkubwa wa ukoo ulioolewa wewe. Hilo la gemu angekusamehe siku hiyo hiyo, la umri ndo linamuuma.

Halafu kuna kitu kingine mwenyewe umekiandika bila kukiona. Mjane, watoto wameondoka, na kila usiku saa sita mpaka saa nane yuko macho anapanga pipi. Mimi sijui usiku wake ukoje na siwezi kumsemea, ila mtu ambaye kila siku yuko macho saa nane usiku ni mtu wa kuulizwa unalalaje. Kuna aliyemuuliza hapo kwenye familia? Wote mnajua anacheza Candy Crush, nani anajua kwa nini halali?

Kwa hiyo mpigie. Usiandike meseji, meseji ataisoma kwa sauti ya ile status. Piga mchana, duka likiwa limetulia, mpe shikamoo yake kwanza hata kama ataitikia kwa mbali, kisha sema moja kwa moja, "Wifi, nimepiga kuomba radhi, ile status ilikuwa inakulenga wewe na haikustahili, nilikuwa nimechoka nikakosa adabu." Ishia hapo, usiweke "lakini". Ukisema lakini umerudisha kila kitu mwanzo, atasikia lakini peke yake. Acha aseme ya moyoni, na kama atasema maneno makali yameze, siku hiyo ni zamu yake. Habari ya mialiko usiianzishe wewe, na akiuliza mwenyewe kama kweli ilikuwa inakusumbua, mwambie ukweli, kwamba ilikuwa inakuja usiku unashtuka ukidhani kuna msiba, na umeshajua kwamba ni gemu ndo inatuma kwa watu wote na umeshaizima kwako. Huenda akashtuka kusikia kwamba na mzee wa kanisa anaombwa laifu, hapo msaidie, mwambie ikileta orodha ya majina atoe tiki abakize wale anaocheza nao. Ukimaliza hayo muulize habari za usiku, unalala wifi? Usiharakishe jibu.

Mama mkwe mwachie mumeo amrudie, amwambie wameongea. Usimpigie wewe kujieleza, utalikuza.

Nimeiacha ile linki mwisho ila ndiyo inayonifanya nikuombe usingoje wiki ijayo. Candy Crush itamla usingizi, hiyo nyingine inaweza kumla hela. Zinakuja kwa sura ya gemu, cheza ulipwe, leta watu watano, weka namba ya simu, halafu baadae kidogo inadaiwa "ada ya kufungua akaunti" au namba ya siri ya pesa za kwenye simu au tarakimu za kuthibitisha zilizotumwa kwa meseji. Muulize bila kumtisha kama ameshaweka chochote. Kama ametoa namba ya siri aibadilishe siku hiyo hiyo na awapigie huduma kwa wateja wa mtandao wake, na zikianza kuja SMS za kitapeli azitume kwenda 15040, hiyo ni ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano Tanzania, kwa ajili ya mambo hayo. Na hapo grupuni usije ukaandika "hii ni utapeli jamani amkeni" chini ya linki yake, utakuwa umempiga dongo la pili. Akubali mwenyewe kuifuta, mkiwa mmeshaongea.

Na mimi usinitumie barua ya shukrani, nitumie alichojibu ulipomuuliza kuhusu usingizi. Swichi izime usiku wa leo kabla hujapanda kitandani.

Shangazi