Kwa Nini Walioachwa Huru Waliendelea Kulima Pamba?

SWALI: Ndugu Mhariri, huku kwetu pamba ndiyo iliyotusomesha, kwa hiyo habari zake hutugusa popote zinapotokea. Nimesoma kwamba watumwa wa Marekani waliachwa huru mwaka 1865, lakini hadi miaka ya 1930 wajukuu wao walikuwa bado wanalima pamba katika mashamba ya watu wengine, tena wakiwa na madeni. Kwa nini hawakupanda chakula chao wakaachana na zao hilo? (Msomaji, Shinyanga)

JIBU: Ndugu msomaji, jibu linaanzia kwenye ardhi. Mwezi Januari 1865, vita vya wenyewe kwa wenyewe vikielekea ukingoni, Jenerali William Sherman alitoa amri kwamba ardhi iliyoachwa na mabwana katika pwani ya South Carolina, Georgia na Florida wagawiwe watu weusi, kila familia ipate hadi ekari 40. Watu wapatao 40,000 walihamia huko wakaanza kulima, lakini kabla mwaka haujaisha Rais Andrew Johnson aliamuru sehemu kubwa ya ardhi hiyo warudishiwe wamiliki wa zamani. Kwa maoni yangu, huo ndio uamuzi uliozaa mengine yote, kwa sababu mtu aliyepewa uhuru bila shamba, bila mnyama wa kulimia na bila akiba hana budi kwenda kubisha hodi kwa yule yule aliyekuwa akimmiliki.

Hata hivyo, hawakurudi kama walivyotoka. Walikataa katakata kufanya kazi kwa makundi chini ya msimamizi mwenye kiboko, na mabwana nao, waliofilisiwa na vita, hawakuwa na fedha za kulipa mishahara. Yakapatikana mapatano ya kugawana mavuno: familia hupewa kipande cha shamba, kibanda, mbegu na nyumbu wa kulimia (si yule wa porini, bali mnyama anayezaliwa na punda na farasi), kisha pamba ikichumwa hugawanywa nusu kwa nusu. Aliyekuwa na nyumbu na plau yake mwenyewe alipata nafuu, kwani kwa kawaida alitoa robo ya pamba na theluthi ya mahindi.

Shida ilikuwa chakula cha kuanzia masika hadi mavuno. Benki zilikuwa chache mno kusini, na sheria ya benki za taifa iliyotungwa wakati wa vita ilizizuia kukopesha kwa dhamana ya ardhi. Pengo hilo lilizibwa na mwenye duka wa kijijini, ambaye mara nyingi ndiye aliyekuwa mwenye shamba. Alikopesha unga wa mahindi, nyama ya nguruwe ya chumvi, molasi na vitambaa, na dhamana yake ilikuwa mazao ambayo hata hayajaota. Kila bidhaa ilikuwa na bei mbili, ya taslimu na ya mkopo, na mkulima aliyekwisha kuweka mazao yake rehani hakuwa na duka jingine la kukimbilia. Hapo ndipo lilipo jibu la swali lako: mkopeshaji alidai ipandwe pamba, maana mahindi na viazi huliwa nyumbani, ilhali pamba hailiki na mnunuzi wake hakosekani. Aliyetaka kupanda chakula kingi alinyimwa mkopo. Desemba ikifika, hesabu zilifanywa kwenye daftari ambalo mkulima, aghalabu asiyejua kusoma, hakuweza kulikagua. Akiambiwa deni halijaisha, alianza nalo mwaka mpya.

Sheria nazo zilimbana. Katika wilaya za Alabama zenye watu weusi wengi ilipigwa marufuku kuuza pamba isiyochambuliwa tangu jua kuchwa hadi kuchomoza, kwa hoja ya kuzuia wizi, ingawa mchana kutwa mkulima alikuwa shambani na jioni ndiyo saa pekee ya kutafuta mnunuzi mwingine. Bei nayo, iliyozidi senti 30 kwa ratili mwaka 1866, ilishuka chini ya senti 5 mwaka 1894, na kadiri ilivyoshuka ndivyo kila mwenye deni alivyolazimika kupanda pamba zaidi. Wazungu maskini kwa maelfu walinaswa humo humo.

Wapo waliojikwamua: kufikia mwaka 1910 zaidi ya wakulima weusi 200,000 walimiliki mashamba, na juhudi hiyo inastahili heshima kubwa. Lakini kudai hesabu ya haki kulikuwa hatari. Mwaka 1919, karibu na Elaine, Arkansas, wakulima weusi walikutana kanisani kupanga namna ya kudai bei halali ya pamba yao. Mkutano ulishambuliwa, na katika siku zilizofuata watu weusi wengi mno waliuawa.

Mfumo huo ulivunjika polepole. Mdudu anayetoboa vitumba vya pamba aliingia Texas mwaka 1892 akaenea hadi mashariki, viwanda vya kaskazini vikaanza kuajiri weusi wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, na kuanzia mwaka 1933 serikali iliwalipa wenye mashamba wapunguze ekari za pamba, nao wengi wakawafukuza wakulima wao. Mwaka 1944, katika shamba moja karibu na Clarksdale, Mississippi, pamba ilipandwa na kuvunwa yote kwa mashine.