MUULIZE FUNDI: Mota ikiwashwa tu, netiweki inakata

Shikamoo fundi. Mimi nashughulika na kompyuta kwenye kiwanda cha kukamua alizeti hapa Singida. Tulivuta kebo ya netiweki kutoka ofisini mpaka kwenye mashine, kama mita 70 hivi, bosi akasema tuipitishe kwenye trankingi (mfereji wa kufunika nyaya) ileile ya umeme ili tusinunue nyingine. Sasa mota ikiwashwa netiweki inakata, ikizimwa inarudi. Nimebadilisha swichi ya netiweki, nimekrimpu (nimebana) vichwa vya kebo upya mara tatu, wapi! – Msomaji, Singida

Marahaba kijana wangu. Ile swichi ya zamani irudishe tu, haina kosa. Mota yako naamini inaendeshwa na inveta, kile kifaa cha kurekebisha kasi ya mota, na inveta kazi yake ni kukatakata umeme maelfu ya mara kwa sekunde moja, kwa hiyo waya unaotoka hapo kwenda kwenye mota unapiga kelele kama spika ya harusi, na wewe kebo yako umeilaza ubavuni mwake mita zote 70. Ndani ya kebo ya netiweki nyaya zimesokotwa mbilimbili, sio urembo, ile misokoto ndiyo inafuta kelele, lakini ina kiasi chake. Halafu hebu angalia hivyo vichwa ulivyokrimpu, umefumua nyaya kiasi gani? Inatakiwa isizidi milimita 13. Wengi mnafumua kidole kizima ili zinyooke vizuri zikiingia, hapo mlango wa kelele mmeufungua wenyewe.

Ila kelele mimi wala sio inayonitisha. Gamba la kebo ya netiweki halikutengenezwa kukaa na volti 400. Siku panya akitafuna waya wa fezi (ule wenye umeme) humo ndani, au kingo ya bati ikauchana, umeme unaweza kupita kwenye kebo yako mpaka ofisini kwenye kompyuta ambayo mhasibu kaishika. Kwa hiyo mwambie bosi kebo inatoka humo, hakuna mjadala. Ipe njia yake, ikae mbali na nyaya za inveta walau nusu mita, na pale ambapo lazima zikutane zikatane kama msalaba, zisitembee pamoja. Waya wa kutoka inveta kwenda kwenye mota uwe wenye shildi (ngao ya chuma inayouzunguka), na shildi ifungwe athi (waya wa ardhini) pande zote mbili. Bajeti ikiruhusu vuta faiba, kebo ya kioo inayopitisha mwanga, yenyewe kelele za umeme haizijui kabisa.

Sasa kuitoa. Usiivute umeme ukiwepo, kebo ikikwaruza waya uliochoka humo ndani utajuta. Mwite fundi umeme wa kiwanda azime breka, apige kufuli, funguo ikae mfukoni kwa mwenye kufanya kazi. Mimi zamani nilikuwa nazima tu na kuendelea, mpaka siku moja niko juu ya ngazi, mkono ndio unaingia kwenye trankingi, jamaa wa zamu ya jioni akaona breka iko chini akaipandisha, kwa nia njema kabisa maskini, alidhani imetripu (imejikata yenyewe). Sikuwa nimeshika bado. Tangu hapo kufuli naingia nalo kazini kama bisibisi. Na tesita (kipima umeme) ijaribuni kwanza kwenye umeme mnaojua upo, ndio mpime pale mnapotaka kushika, halafu mrudi tena kwenye umeme, maana tesita iliyokufa nayo inasema hakuna kitu. Inveta yenyewe ukiizima ndani inabaki na kama volti 560 za DC kwenye kapasita (zinazotunza umeme), subirini dakika zilizoandikwa kwenye mfuniko wake, nyingi ni tano au zaidi. Feni yake kusimama sio dalili ya chochote.

Mkivuta mpya, mkono mmoja unatosha, kebo ikigoma mrudi kutafuta ilipobana, msiite watu watatu waje kuvuta. Kona zisiwe kali, kunja kwa duara ambalo nusu ya upana wake ni walau mara nne ya unene wa kebo. Na ukienda Kariakoo kuchukua boksi la mita 305, chubua ncha kidogo ukwangue waya kwa kisu, ukiona weupe ndani ujue ni alumini iliyopakwa kopa (shaba), achana nayo hata ukiambiwa ni bei ya kutupa.

Fundi, hujambo? Mimi ni fundi wa stima Mombasa. Nyaya za zamani kwenye godauni ni nyekundu, njano, buluu na nyeusi, lakini kebo niliyoletewa ina kahawia, nyeusi, kijivu na buluu. Niunganishe rangi kwa rangi? – Msomaji, Mombasa

Sijambo kaka, na nakuomba usifanye hivyo kabisa! Huo ni mtego. Kwenye rangi za zamani nyeusi ni nyutro (waya wa kurudishia umeme) na buluu ni fezi, kwenye mpya buluu ndiyo nyutro na nyeusi ni fezi. Ukiunganisha nyeusi kwa nyeusi na buluu kwa buluu, atakayekuja kufunga soketi huko mbele akiamini kahawia na buluu atapata volti 415 badala ya 240, na friji itakuwa ya kwanza kuaga dunia. Waingereza tuliochukua rangi kwao walibadilisha mwaka 2004, sisi huku zote mbili ziko dukani hadi leo. Pima kila waya, zima, funga lebo pande zote mbili, ndio uunganishe. Na kwenye DB (sanduku la breka) bandika karatasi kwamba humu kuna rangi za aina mbili.

Naweza kuchungulia faiba nione kama mwanga unatoka? – Msomaji, Morogoro

Usithubutu dada. Mwanga wake hauonekani kwa macho, unaweza kutazama ukadhani imekufa kumbe inakuchoma jicho. Azima mita ya kupimia mwanga wa faiba. Na vipande vya kioo unavyokata usivipangushe kwenye suruali, viokote kwa tepu na uvitie kwenye chupa yenye mfuniko, chai utakunywa ukishanawa.