Walker si mtembeaji

Kwa kuwa walk kwa Kiingereza ni kutembea, wapo wanaodai kwamba jina la ukoo Walker lilitokana na mtu aliyependa kutembea, au na mlinzi wa doria msituni. Hapana, halikutokana na hao. Ni jina la kazi, na kazi yenyewe ilikuwa kukanyaga vitambaa vya sufu. Kitambaa kilipotoka kwa mfumaji kilikuwa bado na mafuta ya kondoo na nyuzi zake hazijashikana, kwa hiyo kilitiwa katika birika lenye maji, udongo unaofyonza mafuta na, samahani kwa wanaokula, mkojo uliochacha, kisha mtu akakiponda kwa miguu mitupu kwa saa nyingi mpaka kikasafika, kikanywea na kuwa kizito. Katika Kiingereza cha kale fundi huyo aliitwa wealcere, kutokana na kitenzi kilichokuwa na maana ya kuviringisha na kurusha huku na huku.

Ushahidi ulio wazi zaidi ni mgawanyo wa majina nchini Uingereza: kaskazini fundi huyo aliitwa Walker, kusini na mashariki Fuller, na kusini-magharibi, hasa Devon na Somerset, Tucker.

Isipokuwa si kila Walker ana asili ya Kiingereza, kwani huko Uskoti baadhi ya koo zilizoitwa Mac an Fhucadair kwa Kigaeli, yaani mwana wa mkanyaga vitambaa, zilitafsiri tu jina lao.