Walimu Wanauliza: Maputo ya Gwaride Darasani

SWALI: Ndugu Mhariri, ninafundisha darasa la tatu. Kila inapokaribia Sikukuu ya Shukrani ya Marekani, ambayo huangukia Alhamisi ya nne ya Novemba, wanafunzi wangu huona picha za maputo makubwa yanayopitishwa katika barabara za New York, nao hutaka kutengeneza ya kwao. Safari iliyopita walikata na kubandika kwa furaha, lakini vipindi viwili vilikwisha bila yeyote kusoma hata aya moja. Nifanyeje ili kazi ya mikono isimeze somo la kusoma?

JIBU: Mwalimu mpendwa, mkasi usiguswe kabla ya habari kusomwa, na kila kitakachotengenezwa kitokane na jambo ambalo mwanafunzi amelisoma.

Waandikie habari fupi kwa maneno yako mwenyewe. Gwaride hilo la duka la Macy's la New York lilianza mwaka 1924, na hapo mwanzo lilikuwa na wanyama hai walioazimwa kutoka bustani ya wanyama ya Central Park. Mwaka 1927 yaliingizwa maputo yaliyobuniwa na Tony Sarg, fundi wa vikaragosi aliyezaliwa Guatemala, na kutengenezwa na kampuni ya mpira ya Goodyear katika mji wa Akron, Ohio. Wanafunzi wakifika hapo, wasimamishe uwaulize: kikaragosi cha kawaida huning'inizwa kwa nyuzi, na mchezeshaji hujificha juu yake, je, ikiwa kikaragosi ni kikubwa kupita nyumba, na watazamaji wamejipanga barabara nzima, mchezeshaji atasimama wapi? Sarg alipindua mpango wote, akaweka kikaragosi juu na wachezeshaji chini. Usiwaharakishie jibu hilo. Mtoto anayelifikia mwenyewe, kisha akarudi kwenye aya kutafuta maneno yanayolithibitisha, amesoma kwa ufahamu kuliko yule aliyejibu maswali kumi ya kunakili.

Sasa mikono ifanye kazi. Kila mwanafunzi achague mhusika wa hadithi aliyoisoma, wala si katuni ya televisheni, amchore kwenye karatasi kubwa, kisha azikate karatasi mbili kwa pamoja ili zilingane. Kingo zibandikwe kwa gundi au zipigwe stepla, na chini paachwe mwanya wa upana wa kiganja. Magazeti yaliyofinyangwa yasukumwe ndani kidogo kidogo, yakianzia kwenye masikio, mikono na mkia, kwa sababu tumbo likijazwa kwanza ncha hizo hubaki bapa, na mtoto akilazimisha karatasi huchanika. Mwisho kijiti kirefu kiingizwe kwenye mwanya huo, nao uzibwe kwa utepe wa gundi. Atakayelalamika kwamba puto lake haliruki arudishwe kwenye habari: maputo ya mwaka 1927 yalijazwa hewa ya kawaida na kubebwa kwa miti, na gesi ya heliamu ilianza kutumika mwaka uliofuata.

Mbele ya puto pawe na rangi, na mgongoni pawe na sentensi tatu: mhusika huyu ni nani, alipatwa na tatizo gani, na ni ukurasa upi unaoonyesha alivyolitatua. Sentensi ya tatu ndiyo ninayoithamini zaidi, kwa kuwa humlazimu mtoto kufungua kitabu tena huku gundi ikikauka.

Kama una kipindi kingine, kata habari iliyobaki vipande vipande, ukiwa umeondoa miaka, ili makundi yaipange kwa mantiki. Mwishoni mwa gwaride maputo yaliachiwa yapae, na aliyeliokota puto na kulirudisha alipewa zawadi. Mwaka 1932 ndege iliyorushwa na mwanafunzi wa urubani iligonga puto mojawapo na nusura ianguke, na desturi hiyo ikakoma. Kuanzia 1942 hadi 1944 gwaride lilisimamishwa kwa sababu mpira na heliamu vilihitajika vitani. Dai sababu kwa kila mpangilio, nawe utawasikia wakitumia “kwa hiyo” na “ijapokuwa” bila kuambiwa.

Gwaride lenyewe lifanyike ukumbini au uwanjani. Mmoja akibeba puto, mwenzake awe mtangazaji na asome tangazo la sentensi nne au tano walilolitunga pamoja. Ili lisikike vizuri, atalazimika kulisoma mara nyingi kabla ya siku hiyo, na huko kurudia kwa shabaha hujenga ufasaha, hasa kwa mtoto anayeona haya kusoma mbele ya wenzake, maana macho ya watu yatakuwa juu ya puto.

SWALI: Je, maputo halisi ya mpira hayafai kwa kazi hii?

JIBU: Kwa watoto wa umri huo, hapana. Puto lisilojazwa au kipande cha puto lililopasuka kinaweza kumkaba mtoto koo, na tahadhari hiyo huwahusu hasa walio chini ya miaka 8. Tena wapo watoto wanaodhurika na mpira kwa sababu ya mzio. Ukitaka umbo la duara lililo gumu, puto lipulizwe na mtu mzima, watoto walifunike kwa vipande vya magazeti vilivyochovywa katika gundi ya unga, tabaka baada ya tabaka, liachwe likauke kabisa, kisha wewe mwenyewe ulitoboe na kuokota mabaki yote kabla watoto hawajasogea mezani.